Hii na Ile

Wako mia na tisa. Vitabu kumi na vinne,
majalada yameshikwa na selotepu ya mwaka juzi.
Ukurasa wa sita una kikombe, kiti, kofia
na paka aliyenona kuliko paka yeyote wa Mabatini.
Vichwa vinane kwa kitabu kimoja:
wa katikati anasoma, wa pembeni anakariri,
wa mwisho kabisa anasoma kisogo cha mwenzake.

"Gud moning, ticha!" Bati linatikisika.
Nasema, sit dauni.
Nusu wanakaa. Nusu wanasimama wima zaidi.

Leo ni dhis na dhat.
Nimewaambia ulimi uchungulie kidogo katikati ya meno,
kama mjusi kwenye ufa wa jiwe.
Wenye meno yote wanapata taabu.
Nyamizi, aliyeng'oka mawili ya mbele Jumapili,
analitamka kama aliyezaliwa nalo,
na darasa zima linaonea wivu pengo.

Rula inakuwa lula. Naacha ipite.
Kwetu Magu nilichapwa kwa herufi hiyo hiyo;
fimbo haikuniletea herufi,
iliniletea kimya.

Nainua kikombe changu cha chai, mkono wake umevunjika:
Dhis iz e kap.
Nakiweka dirishani, narudi nyuma hatua nane hadi mlangoni:
Dhat iz e kap.
Kikombe ni kile kile, wanangu. Aliyehama ni mimi.
Wanacheka: mwalimu kahama akiwa ndani.

Basi tunatoka nje, maana kitabu hakina dirisha.
Mawe yamebebana kama kawaida yake,
moja limeegemea choo cha walimu
tangu kabla choo hakijajengwa.
Dhis iz e rok: wanalipiga viganja, lina joto.
Dhat iz e rok: vidole mia na tisa
vinaruka mapaa, vinaruka nguo zilizoanikwa,
vinateremka mpaka ziwani,
kivuko cha Kamanga kinapokata maji bila haraka.
Mugeta, ambaye hakuulizwa, anapaza sauti:
Dhat iz e shipu!
Shipu ipo ukurasa wa ishirini na moja. Sijafika huko.
Yeye kafika.

Shija ananivuta sketi.
Shija aliyefuata mapacha: shati la Kulwa, viatu vya Doto,
swali lake mwenyewe.
"Ticha, huyu ni dhis. Yule ni dhat.
Na huyo?"
Huyo nani, Shija?
"Huyo tu. Mama anasemaga, huyo baba yako angetuma hela.
Huyo baba yako angepiga hata simu.
Hasemi huyu. Hasemi yule."

Alivuka na kivuko hicho, mvua za mwaka juzi,
kwenda machimboni Geita, na begi la kuazima.
Zaidi ya hapo sijui, na mtaani wanaosema wanajua
kila mmoja anajua lake.

Nafungua kitabu. Ukurasa wa sita, wa saba,
mpaka nyuma kwenye orodha ya maneno.
Kuna cha mkononi na kuna cha ng'ambo.
Katikati, karatasi nyeupe.
Inaelekea Mwingereza ana mahali pawili.
Sisi tuna patatu,
na hapo pa tatu ndipo tulipowaweka watu wetu,
wasioonekana, ila kila jioni wanatajwa.

Nikamjibu: Nitaulizia.
Jibu la mwalimu asiyejua, nalo halina Kiingereza chake.

Jioni nasahihisha madaftari, mia na tisa, kwa taa ya simu.
Niliagiza safu mbili: dhis, na picha; dhat, na picha.
Vikombe vingi. Mawe mengi. Paka wamekondeana, wa kwetu.
Daftari la Shija lina safu tatu.
Ya tatu kaipiga mwenyewe kwa lula,
juu hakuandika neno,
chini kachora mtu hana uso,
ana kofia ile ya ukurasa wa sita.

Kalamu nyekundu ilikaa hewani muda mrefu.
Kisha nikaweka vema.
Hapo.